Mguu wa Ukutani

Mimi nina wivu. Nalisema mapema ili mtu asijisumbue kunieleza. Zein alipokuja kuniposa, mtaa mzima ulimwambia huyo msichana ana wivu, ujiangalie, naye akasema atajiangalia. Basi sasa na ajiangalie.

Zein, mume wangu, ni fundi wa makubadhi. Hufanyia kazi chumba cha mbele cha nyumba yetu, hapo uingiapo uchochoroni kutoka Ndia Kuu. Mlango wake watazama barazani, nyuma yake pana pazia, na nyuma ya pazia nipo mimi na jiko langu. Harufu ya ngozi imetuingilia hadi kwenye mito ya kulalia. Mwanamke wa Mji wa Kale anayejiheshimu, akitaka makubadhi ya kwendea harusini, huvaa ya Zein, na utayajua bila kuambiwa, kwa ile ncha yake. Mafundi wengine hukata mviringo mbele. Ya Zein yamechongoka kidogo, na hayakuchongoka katikati wala kwenye kidole gumba, ni hapo jirani yake. Watu wakaiita ncha ya Zein. Mafundi wa mitaa mingine walipoona yauzika, nao wakaanza kuikata, wala hapana aliyeuliza imetoka wapi. Ikafika hadi bibi harusi akivaa makubadhi ya mviringo, wakweze wanatazamana.

Na mimi, mjinga wa Mungu, nikijivunia ile ncha. Nikikaa na wenzangu nilikuwa nikiunyoosha mguu makusudi ionekane.

Ncha ile ilitoka kwenye kiolezo. Kiolezo chenyewe ni kipande cha ubao wa msaji, kimekatwa umbo la mguu wa mwanamke, kimekuwa cheusi kwa mikono, nacho kilitundikwa kwa msumari ukutani juu ya kichwa cha Zein. Akitaka kukata soli hukilaza juu ya ngozi, akakizungushia penseli, kisha akakigeuza kwa ajili ya mguu wa pili. Mteja mwenye mguu mkubwa, penseli hutoka nje kidogo. Mwenye mguu mdogo, penseli huingia ndani. Lakini umbo ni lile lile. Mara moja moja hutokea mtu ana mguu wa ajabu, una kivimbe au umepinda, huyo hupimwa kwenye karatasi. Na kawaida yetu mguu wa mwanamke hupimwa na mwanamke, huku nyuma ya pazia, ikatoka karatasi peke yake. Zamani akipima mama mkwe, Mungu amrehemu, baada yake nikawa napima mimi. Mteja akishapata jozi yake, ile karatasi huwashiwa jiko. Ubao ulikuwa mmoja tu, na makubadhi yote ya kike yaliyotoka nyumba hii yalizaliwa na ubao huo, pamoja na yale niliyovishwa mimi siku ya harusi yangu.

Nayo yalinibana tangu siku ile ile. Mguu wangu ni mfupi na mpana, nao umezidi kupanuka kwa kuzaa. Kidole changu cha mwisho kilikuwa chasuguliwa na ukanda mpaka chatoka ngozi, na kule mbele penye ncha palikuwa na nafasi ambayo hakuna kidole changu kilichoifikia. Nilidhani ndio uzuri ulivyo. Nikipaka mafuta ya nazi, nanyamaza.

Sasa sikilizeni. Kabla ya Ramadhani palikuwa na harusi Kibokoni, na wifi yangu Mejumaa, dadake Zein, ndiye aliyeitwa kupaka hina. Tulikuwa ukumbini tumekaa mikekani, wanawake watupu, mabuibui yametundikwa, udi wafuka, kelele mpaka huwezi kumsikia wa pembeni yako. Akaingia mwanamke mrefu, ana sauti ya chini, kavaa leso mpya. Wote wakamwinukia. "Bi Mwanakuu! Karibu, mama, pole sana!" Jina nilikuwa nalisikia. Alikuwa ameolewa Unguja, mumewe kafariki, eda keshamaliza, karudi kwao Mombasa. Nikamsalimu vizuri. Nilimpenda hata, siwezi kusema uwongo. Ana adabu.

Akakaa mbele ya Mejumaa apakwe hina. Akaunyoosha mguu.

Nilikuwa na kikombe cha kahawa mkononi, na kahawa ikanimwagikia mapajani, wala sikuisikia moto wake. Mguu mrefu, mwembamba, kisigino kidogo. Na kidole cha pili kimekipita kidole gumba, kimetoka mbele peke yake. Wallahi niliujua ule mguu. Nimeutazama kila siku tangu niolewe, kila nikipitisha kahawa kwenye pazia. Nimeufuta vumbi kwa mkono wangu. Ulikuwa ukutani kwangu.

Nikamngoja Mejumaa ainuke kwenda kunawa mikono. Nikamfuata uani, nikamshika mkono.

"Wifi, mguu wa yule mwanamke ndio kiolezo cha kakako."

Mejumaa akanitazama kama nimemuuliza jina lake. "Kwani hukuwa wajua?"

"Nijue nani kaniambia?"

"Lo, Mahfudha, mimi nikadhani wajua! Si ndiye Zein aliyemposa kabla yako? Posa ilishakubaliwa. Mama alikwenda kumpima mguu kwa makaa, juu ya karatasi ya sukari, akatiwe makubadhi ya harusi. Kisha babake akageuka, akampa yule wa Unguja. Zein alikuwa keshauchonga ubao."

"Akautundika."

"Ubao mzuri ule. Autupe?" Akafuta mikono kwa kanga yake, akanisogelea. "Na wewe tulia. Mambo ya zamani hayo. Ingawa nasikia watu wameshaanza kumuulizia, eda imekwisha na bado kijana. Mwanamke kama yule hakai."

Akanambia nitulie! Nilirudi ukumbini nikakaa, na macho yangu yakawa miguuni mwa watu. Kila mwanamke aliyeingia alivua makubadhi mlangoni, na pale mlangoni palikuwa na rundo zima la miguu ya Mwanakuu. Miguu ya Mwanakuu ya kahawia, miguu ya Mwanakuu ya nakshi nyekundu, mikubwa, midogo, ya kila mtu.  Nikaaga kwamba kichwa chaniuma. Nikavaa yangu, nikatoka, nikafika pembeni nikayavua, nikayashika mkononi. Ndia Kuu yote niliipita pekupeku, mwanamke mzima ndani ya buibui, na mbele yangu wanawake wawili wakiniachia nyayo zenye ncha kwenye vumbi.

Nilikuwa nataka mambo mawili, na kwangu yalikuwa jambo moja. Mguu ule utoke ukutani, na mwenyewe asiingie mlangoni.

Zein nilimkuta ameinama, shazia mkononi, uzi mdomoni. Nikamtupia makubadhi yangu mbele yake.

"Baba Sheikhan, huu ubao ni mguu wa nani?"

Akautoa uzi mdomoni polepole. Zein hana haraka, hata ukimwambia nyumba yaungua. "Nani kakwambia?"

"Aliyenambia ni mwenyewe! Kaunyoosha mbele yangu apakwe hina, na kidole chake hicho!"

"Ni kiolezo, Mahfudha. Mguu ulikwenda Unguja, ubao ukabaki, nikafanyia kazi. Mimi nikiutazama naona ubao."

"Na mguu umerudi."

Hakujibu hilo. Mwaona? Angesema lolote, angesema hata "na urudi, wanihusu nini," ningelala. Akachukua makubadhi yangu akayageuza, akaona pale kwenye ukanda palipoingia damu ya kidole changu ikakaukia. Akapatazama.

"Mbona hukunambia yakubana?"

"Ulikuwa hunioni nikipaka mafuta? Kata ubao mwingine. Nikatie mguu wangu mimi, uutundike hapo, huo uutupe."

"Siwezi," akasema. "Abdeali nimeshampelekea sampuli."

Abdeali ni mwenye duka la viatu na mikoba kule Biashara Street, na mwaka ule alikuwa na homa. Ndara za plastiki za kiwandani zilikuwa zimejaa mjini, rangi rangi, hata wachukuzi wa Marikiti wanazo, na Abdeali akaapa Idd hiyo atauza makubadhi ya ngozi ama afunge. Akamwambia Zein amletee jozi moja ya mfano, akiipenda atachukua ya dirisha zima. Zein akapeleka. Abdeali akaishika ile ncha, akasema, "Hii, Zein. Hii hii. Usibadilishe kitu hata kidogo." Basi Zein tangu siku hiyo alikuwa akikata ngozi, kutwa, kwa ule ubao.

"Mtu kapenda hicho," Zein akanambia, "nimpelekee kingine? Siwezi kuchezea kazi kwa ajili ya wivu."

"Kapenda kiolezo, au kapenda mguu?"

"Mahfudha."

"Na wewe wapenda kipi?"

Akarudisha uzi mdomoni. Hiyo ndiyo dawa yake, mwanamume yule, akiona maneno yanakuja hutia uzi mdomoni.

Siku hizo nilikuwa sili. Nikipitisha kahawa naukuta unanitazama. Nikisikia nyayo uchochoroni naenda mlangoni, nachungulia, ni jirani tu. Kila anayepita nje na sauti ya chini nadhani ni yeye. Zein akivaa kanzu safi namuuliza waenda wapi. Akisema msikitini nahesabu mwenyewe muda wa kwenda na kurudi. Ndivyo nilivyokuwa, na sioni haya. Asiyekuwa na mume na ashangae.

Ijumaa, Zein alipokwenda kusali, niliingia chumba cha mbele nikakaa kwenye kigoda chake. Nikautungua ubao msumarini. Ulikuwa mwepesi kuliko nilivyodhani. Nikauweka chini, nikaukanyaga kwa mguu wangu wa kulia, nione. Kidole changu cha mwisho kikatoka nje chote, na mbele kule ile ncha ikabaki peke yake. Nikasema, bismillahi.

Jiko lilikuwa limeshika moto. Nikauvunja kwa nyundo yake mwenyewe, nikavichomeka vipande katikati ya makaa, na juu yake nikateleka chungu. Msaji mkavu, mama, wawaka vizuri, moto wake wa taratibu. Siku hiyo nilipika mchuzi wa kuku kwa mguu wa Mwanakuu. Nikatia na ukwaju.

Zein akarudi, akanawa, akala. Akaongeza. "Leo mchuzi umekolea," akasema.

"Alhamdulillahi," nikamjibu.

Alikwenda mbele kukaa kazini, nikamsikia amesimama. Msumari ulikuwa mtupu, na pale ubao ulipokuwa ukutani palibaki alama nyeupe ya mguu, chokaa haikupata moshi. Pazia likafunguka.

"Kiko wapi?"

"Kimekupikia ule mchuzi ulioongeza."

Nilikuwa nimejiweka tayari. Anipige, aniache, anirudishe kwetu, nilishakusanya na maneno ya kila moja.  Zein alitazama jikoni, akatazama miguu yangu, akarudi mbele. Nikamfuata nikasimama kwenye pazia.

Akanyoosha mkono rafuni, akachukua kubadhi moja la Abdeali lililokwisha kukatwa. Hapo ndipo moyo wangu ulipokufa, kwa sababu hilo nilikuwa sikulifikiria kabisa. Nilichoma mama mtu, na watoto wake wako mji mzima! Jozi yoyote, ya rafuni, ya dirishani kwa Abdeali, ya mlangoni kwa watu harusini, akiilaza juu ya ubao na kuizungushia penseli ampata Mwanakuu wake vile vile, na kidole chake. Ningechoma mpaka lini?

Akaligeuza lile kubadhi, akalitazama chini na juu. Akalirudisha rafuni. Akakunjua karatasi ya kaki sakafuni, akachukua penseli sikioni.

"Ndoo hapa," akasema. "Lete mguu."

Nikaja. Nikaukanyaga pale karatasini, na mume wangu akanishika kisigino kwa mkono mmoja, akanizungushia penseli. Alikuwa hajapata kunipima. Yale ya harusi yalikatwa kwa ubao, na jozi zote za baadaye vile vile. Alipofika kwenye kidole cha mwisho, pale penye kovu, akapunguza mwendo. Penseli ilinitekenya nikacheka, kisha nikaanza kulia, na yeye akasema nisitikisike.

Siku ya pili yake ubao mpya ulikuwa msumarini. Mfupi, mpana, wa mviringo mbele, mweupe bado. Haukuziba ile alama ya ukutani, kidole cha chokaa kilikuwa chachungulia juu yake. Nikampa Zein ndoo ya chokaa apake ukuta mzima. Kisha akaanza kukata mzigo wa Abdeali upya.

Abdeali alipoletewa mzigo alipiga kelele hata wa maduka ya kanga wakatoka nje. "Zein! Hii si sampuli yangu! Wapi ncha? Mimi nimewaambia watu ncha, wewe waniletea mkate!" Zein, mambo yake yale yale, akamwambia wape wavae kwanza. Basi akaja mwanamke na mama yake, wamekuja kutafuta makubadhi ya Idd. Abdeali akawaonyesha kwa uso wa msiba. Binti akavaa, akatembea mpaka mlangoni, akarudi, akatembea tena. Mama yake naye akavaa. Akasema, "Haya hayabani!" na hawakuyavua, walikwenda nayo nyumbani, ya zamani wakayabeba mkononi.

Kumbe, jamani! Kumbe mji mzima ulikuwa wapaka mafuta ya nazi na kunyamaza! Kila mtu na kidonda chake cha kidole, kila mtu adhani mguu wake ndio wenye ila, kwa sababu mwanamke mmoja aliyeolewa Unguja ana mguu mrefu na kidole kilichotoka mbele. Kabla ya Idd dirisha la Abdeali lilikuwa tupu. Akamtumia Zein halwa, akasema ile ncha yeye hakuipenda tangu mwanzo.

Idd hiyo nilitembea. Nilikwenda Biashara Street ambako sina haja, nikarudi Ndia Kuu, nikapita Kibokoni kumpa Mejumaa mkono wa Idd, na macho yangu miguuni mwa watu. Makubadhi ya mviringo, mapana, kila mlango. Watu wazima, mabinti, wanawake wasionijua kabisa, wote waenda kwa mguu wangu. Mejumaa akanambia, "Wifi, leo una nini? Wacheka peke yako." Nikamwambia ni Idd.

Niliwahi kuwa na furaha kama ile mara chache sana.

Haukwisha hata mwezi. Zein yuko mbele agonga misumari, mimi nyuma nakuna nazi. Nikasikia hodi mlangoni, na sauti ile ya chini. Niliijua kabla pazia halijatikisika. Zein akaacha kugonga.

"Karibu," akasema. Nikamsikia akikohoa. "Mama Sheikhan yuko ndani. Pita."

Akapita. Kafunua buibui, ananukia asumini. Akanipa mkono, akaniuliza hali, watoto, na mimi nikamjibu yote, alhamdulillahi, alhamdulillahi, mkono wangu una nazi. Akakaa mkekani akatoa jozi ya makubadhi chini ya buibui. Mapya. Ya mviringo.

"Bi Mahfudha, nisamehe nakusumbua," akasema. "Haya nimeyanunua kwa Abdeali na hayanikai. Yote nimeyajaribu, hakuna hata moja. Mbele kidole chatoka nje chakanyaga chini, pembeni yapwaya. Na zamani, wajua, sikuwa na haja ya kuja hapa. Hata huko Unguja, nilikuwa nikimwambia mtu yeyote ajaye Mombasa aninunulie jozi ya fundi Zein, yoyote, nami navaa tu, yanikaa kama nilipimwa. Sijui kwa nini."

Akacheka kidogo. Nikamtazama usoni nione kama ajua. Ajua! Ajua, bwana, hata aapie msahafu!

"Sasa naona yamebadilika," akasema. "Itabidi nipimwe."

  Hapo ndipo nilipoelewa nilichokifanya. Miaka yote ule ubao ulipokuwa ukutani, mwenyewe hakuwa na sababu ya kuja. Alikuwa akivalishwa kwa mbali, hajulikani. Mimi ndimi niliyeuchoma ubao, na mimi ndimi niliyemleta, miguu yake yote miwili, mpaka kwenye mkeka wangu. Na kama Zein alilijua hilo siku ile aliporudisha lile kubadhi rafuni na kunambia lete mguu, Mungu ndiye ajuaye. Nimelifikiri hilo mpaka kichwa kimeniuma.

Kazi ya kupima ni yangu. Nikanawa mikono, nikakunjua karatasi, nikamwambia akanyage. Nikamshika kisigino. Mguu ulikuwa laini, hina ya harusini imebaki kwenye kucha tu. Nikaanza kuzungusha penseli, kwenye kisigino sawa, kwenye kiungo sawa, kidole cha mwisho sawa. Nikafika kwenye kile kidole cha pili. Yeye alikuwa atazama dirishani. Sikufikiri hata kidogo, mkono wenyewe ulikata. Nikaipitisha penseli chini yake, chini ya ukucha, mstari mzuri wa mviringo, nikaunganisha na kidole gumba. Asiyeujua ule mguu asingeona kitu. Nikasema moyoni, akukatie huo, uvae, ukubane, usirudi tena.

"Tayari," nikamwambia.

Akanishukuru, akajifunika, akatoka. Kule mbele nilisikia, "Kwaheri, fundi," na Zein akajibu, "Kwaheri ya kuonana." Nikazisikiliza nyayo zake mpaka zikaisha uchochoroni.

Nikampelekea Zein karatasi. Nikamwekea juu ya ngozi, nikasimama pale pale kwenye pazia. Nilikuwa nangoja aitie mkasi, ampe jozi yake, karatasi niiwashie jiko kama za wateja wengine. Hakushika mkasi. Aliiinua karatasi kwenye mwanga wa mlango, akaitazama kidogo tu.

"Hapa umekisahau kidole," akasema.

Hakusema kwa hasira. Akachukua penseli sikioni, akailaza karatasi gotini, na bila kutazama kitu chochote, bila kupima, akakirudisha. Mstari mmoja. Ukatoka pale pale, urefu ule ule, na kipindo kile kile kidogo cha kuegemea kidole gumba, ambacho mimi niliyeufuta vumbi miaka yote hiyo nilikuwa nimekisahau. Nilichoma ubao bure. Ulikuwa mkononi mwake.

Kisha akainuka, akaenda pembeni kunakokaa mbao za msaji, akachagua kipande.

"Huyo ni mtu wa jozi moja," nikamwambia. Sauti yangu sikuijua. "Mtu wa jozi moja hukatiwa karatasi."

Zein akakipuliza vumbi kile kipande, akailaza karatasi juu yake. Pale ukutani ubao wangu ulikuwa peke yake, chokaa mpya kila upande.

"Nitazamie msumari mwingine kwenye kopo," akasema.

Kopo la misumari hukaa upande wangu wa pazia. Nikamtazamia.